FILAMU IKIPIGWA MARUFUKU: NANI HUAMUA TUTAZAME NINI?

Vikundi viwili vimetuuliza maswali ambayo tunaona ni ndugu. Kikundi cha akina mama wa merry-go-round huku Gatwekera kinataka kibanda cha video kilicho karibu na nasari kifungwe. Wanasema watoto wanachungulia kwa matundu ya mabati na kuona mambo ya watu wazima, na tayari kuna watu wanaosema eti dawa ni kiberiti. Kikundi cha vijana upande wa Kawangware nacho kinauliza hivi: ni hatia kuonyesha filamu ambayo serikali imekataza? Wateja wanaiulizia kila siku, na kibanda ndicho kinawalipia kodi ya nyumba.

Tumeona ni vizuri tujibu yote mawili pamoja. Kwanza tutaeleza sheria ilivyo. Halafu tutaangalia filamu kadhaa zilizoleta hasira hapa kwetu na kwa majirani, tuone hasira hiyo ilimsaidia nani na ilimuumiza nani. Mwisho tutatoa mapendekezo na maswali ya kujadiliana kwenye mkutano wenu.

SHERIA INASEMA NINI

Hapa Kenya filamu zinasimamiwa na Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, ambayo ni Sura ya 222 ya Sheria za Kenya. Ni sheria ya zamani. Ilianza kutumika mwaka 1963, mwaka ule ule wa uhuru, na ndani yake bado mna harufu ya ukoloni. Waingereza katika makoloni yao ya Afrika walikuwa na wakaguzi wa filamu, na kulikuwa na filamu ambazo Mzungu aliruhusiwa kutazama lakini Mwafrika akakatazwa. Waliogopa kwamba Mwafrika akimwona Mzungu kwenye sinema analewa, anaiba au anapigwa ngumi, basi heshima ya bwana mkubwa itashuka. Kwa hiyo tangu mwanzo ukaguzi ulikuwa na mambo mawili yaliyochanganywa: kulinda watu, na kulinda wakubwa. Tukumbuke hilo, maana litarudi.

Bodi ya Kuainisha Filamu ilipewa kazi kubwa mbili chini ya sheria hiyo. Ya kwanza ni kuainisha, yaani kusema filamu hii inafaa watu wa umri gani. Madaraja yake ni manne:

1. GE: filamu ya wote, hata mtoto mdogo.
2. PG: mtoto anaweza kutazama, lakini mzazi au mtu mzima awe karibu amwelekeze.
3. 16: si ya walio chini ya miaka 16.
4. 18: ni ya watu wazima peke yao.

Kazi ya pili ni kukataza. Bodi ikikataa filamu kabisa, haifai kuonyeshwa, kuuzwa wala kusambazwa nchini. Tafadhali tusichanganye mambo haya mawili. Kuainisha ni kama mama anavyoweka mafuta ya taa juu ya kabati ili mtoto asifikie. Mafuta bado yapo, na mwenye umri wake anayatumia. Kukataza ni kusema hakuna mtu katika nyumba hii, mkubwa wala mdogo, atakayeyagusa.

Kwa upande wa runinga na redio kuna kanuni za Mamlaka ya Mawasiliano. Kutoka saa 11 alfajiri hadi saa 4 usiku, vituo havitakiwi kuonyesha mambo ya watu wazima, kwa sababu hizo ndizo saa ambazo watoto wako macho.

Juu ya hizo zote iko Katiba ya mwaka 2010. Kifungu cha 33 kinampa kila mtu uhuru wa kutafuta, kupokea na kutoa habari na mawazo, pamoja na uhuru wa usanii. Uhuru huo haufiki kwenye kuchochea vita, fujo au chuki. Kifungu cha 24 kinasema haki ikipunguzwa, ipunguzwe kwa sheria na kwa kiasi kinachofaa tu. Na kifungu cha 53 kinasema katika kila jambo linalomhusu mtoto, maslahi ya mtoto yatangulie. Kesi zote za filamu tunazosikia mahakamani zinazunguka kwenye vifungu hivi.

FILAMU YA "RAFIKI"

Kisa kilichojulikana zaidi ni cha filamu iitwayo Rafiki, ya mwongozaji Mkenya Wanuri Kahiu. Ilitokana na hadithi fupi ya mwandishi wa Uganda, Monica Arac de Nyeko, ambayo mwaka 2007 ilishinda tuzo ya Caine ya waandishi wa Afrika. Inahusu wasichana wawili wa Nairobi, Kena na Ziki, ambao baba zao wanashindana katika siasa. Wasichana hao wanapendana, na mtaa ukijua wanashambuliwa.

Mwezi wa Aprili mwaka 2018 Bodi iliikataza. Ilisema filamu hiyo inaendeleza mapenzi ya wasichana kwa wasichana, kinyume cha sheria za Kenya. Mwongozaji alieleza kwamba aliombwa abadilishe mwisho wa filamu kwa sababu ulikuwa na matumaini mno, naye akakataa. Mwezi uliofuata, Rafiki ikawa filamu ndefu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa kuonyeshwa katika tamasha la Cannes kule Ufaransa. Ikawa Wafaransa wanaitazama na Mkenya hawezi.

Kahiu alienda kortini. Tarehe 21 Septemba 2018, Jaji Wilfrida Okwany wa Mahakama Kuu alisimamisha marufuku kwa siku 7, watu wazima peke yao wakiruhusiwa kutazama. Sababu moja ya siku hizo ni kwamba wakati ule filamu haikuweza kushindania tuzo ya Oscar ya filamu za lugha ya kigeni kabla haijaonyeshwa nchini kwake. Jaji alisema haamini kwamba Kenya ni jamii dhaifu kiasi cha maadili yake kutikiswa na kutazama filamu. Ikaonyeshwa hapa karibu, katika jumba la sinema la Prestige Plaza, Ngong Road, ambako watu wengi wa Kibera hufika kwa miguu. Tikiti zilikwisha. Baada ya siku 7 marufuku ikarudi, na Aprili 2020 Mahakama Kuu, safari hii ikiwa ni Jaji James Makau, ikasema Bodi ilikuwa na haki ya kuikataza. Kesi haikuishia hapo, ilipelekwa kwa rufaa.

Haikuwa filamu ya kwanza wala ya mwisho. Mwaka 2014 filamu ya Stories of Our Lives, iliyotengenezwa na kikundi cha wasanii wa Nairobi, ilinyimwa ruhusa, na mmoja wa waliyoitengeneza akakamatwa kwa madai ya kupiga filamu bila leseni. Mwaka 2021 filamu ya I Am Samuel ya Peter Murimi ilikatazwa. Mwaka huo wa 2014 pia Bodi ilikataza filamu ya Marekani, The Wolf of Wall Street, kwa ajili ya uchi, dawa za kulevya na matusi.

Wengi wetu katika vikundi ni waumini. Mafundisho ya Kanisa kuhusu ndoa tunayajua, na makala hii haikuandikwa ili kuyabadilisha. Lakini kuna jambo moja tuliloliona mtaani wakati ule wa mwaka 2018. Watu waliozungumza kwa hasira zaidi kuhusu filamu hiyo walikuwa hawajaiona. Na hasira ya mtu ambaye hajaona kitu hutafuta mahali pa kutua. Filamu iko mbali, mwongozaji yuko mbali, lakini jirani anayedhaniwa eti ni "wale" yuko hapa plotini, mlango wa tatu. Filamu yenyewe inaonyesha wasichana wakipigwa na umati. Itakuwa aibu kama sisi tutakasirikia filamu halafu tufanye kile kile ambacho filamu inasema tunafanya. Kumpiga mtu, kumfukuza kwa nyumba au kumwaibisha hadharani ni kosa la jinai, na ni dhambi. Hilo halihitaji bodi kuamua.

WAKUBWA WAKIGUSWA

Kuna filamu na michezo iliyokatazwa bila uchi wala busu lolote ndani yake. Kwa vikundi vya kujisaidia kisa cha kukumbuka ni cha Kamirithu, Limuru. Si filamu, ni mchezo wa jukwaani, lakini ukaguzi wa filamu na wa michezo umewekwa katika sheria moja.

Wanakijiji wa Kamirithu walikuwa na kituo chao cha elimu ya watu wazima. Wakakubaliana wafanye mchezo kwa lugha yao. Maandishi yakaandikwa na Ngugi wa Thiong'o pamoja na Ngugi wa Mirii, wanakijiji wakayajadili na kuyarekebisha, na wakajenga ukumbi wa wazi kwa mikono yao wenyewe. Waigizaji walikuwa wakulima na wafanyakazi. Mchezo uliitwa Ngaahika Ndeenda. Unahusu mkulima maskini, Kiguunda, mwenye ekari moja na nusu, na tajiri anayeitamani ekari hiyo. Ulianza kuonyeshwa mwezi wa Oktoba 1977 na watu walijaa. Tarehe 16 Novemba 1977 leseni ikafutwa. Tarehe 31 Desemba mwaka huo Ngugi wa Thiong'o akatiwa kizuizini, akakaa karibu mwaka mzima bila kushtakiwa. Mwaka 1982, kikundi kilipojaribu kuandaa mchezo mwingine, kilinyimwa leseni na ukumbi ule ukabomolewa na polisi.

Hebu tufikirie hasara hiyo. Watu walipoteza kitu walichokijenga kwa harambee yao, kilichokuwa kinawafundisha kusoma. Sababu iliyotolewa ilikuwa usalama wa watu. Lakini mchezo ulikuwa unaongea juu ya shamba, mshahara na mwajiri, yaani mambo yale yale tunayoongea kwenye mikutano yetu.

Mambo hayo hayakuisha na miaka ile. Mwaka 2013 mchezo wa Shackles of Doom wa shule ya wasichana ya Butere ulizuiwa kufika mashindano ya kitaifa, na Mahakama Kuu ikaamuru uchezwe. Aprili 2025 wasichana wa shule hiyo hiyo walikuwa Nakuru na mchezo mwingine, Echoes of War. Mwandishi wao, Cleophas Malala, alizuiwa kuwafikia, wasichana wakakataa kucheza bila yeye, na mabomu ya machozi yakarushwa mahali palipokuwa na watoto wa shule. Mwisho wa mwezi huo huo, onyesho la filamu ya BBC iitwayo Blood Parliament lilifutwa hapa Nairobi. Filamu hiyo inachunguza jinsi vijana walivyopigwa risasi pale Bunge tarehe 25 Juni 2024. Siku chache baadaye watengenezaji filamu wanne wa hapa nchini walikamatwa, wakaachiliwa. Na wakati huo wote filamu ilikuwa tayari kwenye simu za watu.

Kwa hiyo mkisikia filamu imekatazwa, swali la kwanza liwe hili: je, hapa analindwa mtoto au analindwa mkubwa?

SANGARA WA MWANZA

Kuna hasira ya namna nyingine, na hii inatugusa sana sisi wa Kibera. Ni hasira ya mtu aliyeonyeshwa vibaya.

Mwaka 2004 mwongozaji kutoka Austria, Hubert Sauper, alitoa filamu ya kweli iitwayo Darwin's Nightmare, iliyopigwa Mwanza, Tanzania. Inahusu sangara, yule samaki mkubwa tunayemwita mbuta, ambaye aliingizwa Ziwa Viktoria miaka ya 1950 na 1960. Filamu inaonyesha minofu ikipakiwa kwa ndege kwenda Ulaya, na watu wa Mwanza wakibaki na mifupa na vichwa, ambavyo kule huitwa mapanki. Inaonyesha watoto wa mitaani, wanawake wanaouza miili yao kwa marubani, na inaeleza kwamba ndege zile wakati mwingine zinaleta silaha. Ilipewa tuzo ya César kule Ufaransa, na mwaka 2006 ikateuliwa kwa tuzo ya Oscar.

Tanzania ilikasirika. Rais Jakaya Kikwete aliishutumu hadharani mwaka 2006, akisema imeipaka nchi matope na kwamba habari ya silaha haina ushahidi. Watu waliandamana Mwanza kuipinga. Mwandishi wa habari wa Tanzania aliyeonekana ndani ya filamu alipata taabu na serikali. Ufaransa nako kuna watu walioanza kusema sangara asinunuliwe, na mwanahistoria mmoja akaandika kuikosoa filamu hiyo vikali, hata yeye na mwongozaji wakafikishana kortini.

Nani alikuwa na haki? Tukisema ukweli, kila upande ulikuwa na jambo lake. Mtu asiseme mapanki hayakuwapo. Sisi huku tunayajua kwa jina la mgongo wazi. Yanakaangwa kando ya reli kila jioni, na yamelea familia nyingi za Gatwekera. Kwetu si aibu, ni chakula cha mtu mwenye shilingi chache. Kwa hiyo filamu haikutunga umaskini. Lakini mvuvi wa Mwanza naye alikuwa na haki ya kuuliza: mzungu huyu akiondoka na tuzo yake, na watu wa Ulaya wakiacha kununua samaki, mimi nitakula nini? Na yule mama aliyepigwa picha akichambua mifupa yenye funza, aliulizwa kama anataka dunia nzima imwone hivyo? Hasira yake haikupata mahali pa kusemwa. Zilisikika sauti za serikali na za wataalamu, yake haikusikika.

Kibera tumekuwa na kamera nyingi. Filamu ya The Constant Gardener, inayohusu kampuni ya dawa inayofanya majaribio kwa maskini, ilipigwa sehemu yake hapa Kibera na ikatoka mwaka 2005. Waliyoitengeneza walianzisha mfuko wa kusaidia jamii za mahali walipopigia filamu, jambo ambalo wengi hawalifanyi. Tangu hapo wamekuja wengine wengi, wakubwa kwa wadogo. Na vijana wetu wenyewe wamejifunza kazi hiyo: Kibera Kid ya mwaka 2006 iliigizwa na watoto wa hapa. Dawa ya kuonyeshwa vibaya tunaiona hapo. Ni watu wa mahali wajue kushika kamera, na wajue kusema "hapana" au "kwa masharti haya" mgeni anapokuja.

HASIRA YA WAUMINI

Tusijifanye kwamba mambo haya ni ya serikali tu. Mwaka 1988 ilitoka filamu ya Marekani juu ya Yesu, The Last Temptation of Christ ya Martin Scorsese. Wakristo wengi duniani waliona imemkosea heshima Bwana wetu, na walikuwa na haki ya kusema hivyo, kuandamana kwa amani na kukataa kununua tikiti. Lakini Oktoba 1988 mjini Paris, watu waliojiita Wakatoliki walichoma jumba la sinema lililokuwa likiionyesha, na watu zaidi ya 10 wakaumia. Kadinali wa Paris, Lustiger, ambaye hakuwa ameipenda filamu hiyo hata kidogo, alilaani kitendo hicho. Waliochomeka walikuwa watu waliokaa kwenye viti.

Tunakumbusha hili kwa sababu ya yale maneno ya kiberiti. Huku kwetu nyumba zimeshikana. Mabati ya kibanda ndiyo ukuta wa jirani. Ukichoma video, umechoma ploti nzima, na pengine nasari yenyewe.

MARUFUKU HUFANYA KAZI KIASI GANI?

Tumeangalia visa hivi na tunaona mambo manne.

Kwanza, marufuku huongeza hamu. Mtu ambaye hakuwahi kusikia Rafiki alianza kuiulizia siku ilipokatazwa.

Pili, marufuku inafunga jumba kubwa lenye leseni, lakini haifungi simu. Mtoto wa darasa la sita akiwa na simu ya mamake na bando la shilingi 20, anaona kila kitu. Mzazi anayengoja Bodi imlindie mtoto anangoja bure.

Tatu, filamu ikikatazwa watu hawaijadili. Wanaiona kwa siri, au hawaioni na wanatunga.

Nne, sisi tuna hasira ya upande mmoja. Busu moja linatuinua vitini, lakini kule kibandani mtoto anatazama filamu ya vita ambamo watu 50 wanauawa, na dijei anaitafsiri kwa Sheng kwa kelele na vicheko, na hakuna mzazi anayepiga kelele. Kazi ya madijei kama DJ Afro tunaiheshimu, imewafanya hata wasiojua Kiingereza waelewe filamu. Lakini sisi tuliokuwa hapa mwanzoni mwa mwaka 2008 tunalijua panga lilivyo. Tulishuhudia vijana wadogo wakilibeba. Kama tunataka kulinda watoto, tuanze na damu pia.

MAJIBU YETU KWA VIKUNDI

Kwa akina mama: mna haki kabisa kutaka mtoto asione filamu ya watu wazima, na sheria iko upande wenu. Lakini hamhitaji kibanda kifungwe ili mpate hilo. Kibanda kile kinaajiri vijana, na kijana asiye na kazi hamtamfurahia zaidi. Ombeni kiwekwe utaratibu.

Kwa vijana: ndiyo, kuonyesha filamu iliyokatazwa au isiyoainishwa ni kosa. Vifaa vinaweza kuchukuliwa na mnaweza kushtakiwa. Kama mnaona marufuku fulani si ya haki, njia ni ile ya Kahiu na ya Butere, yaani korti, magazeti na kuongea na mbunge wenu. Msiweke projekta ya kikundi rehani kwa sababu ya usiku mmoja wa tikiti. Mkumbuke pia kwamba kuonyesha nakala za wizi ni kumnyima msanii haki yake, hata kama filamu yenyewe imeruhusiwa.

Mapendekezo kwa pande zote:

1. Kaeni pamoja kabla ya kwenda kwa chifu. Waje wenye kibanda, wazazi, mwalimu wa nasari, mzee wa kijiji na wa Nyumba Kumi. Andikeni mliyokubaliana, kila upande ubaki na nakala.
2. Gaweni saa. Mchana na wikendi asubuhi ziwe filamu za GE na PG tu. Za 16 na 18 ziwe usiku, watoto wakiwa nyumbani.
3. Zibeni matundu ya mabati na mpunguze sauti. Kazi hiyo ni ya siku moja na gharama yake ni ndogo.
4. Mlangoni akae mtu mzima anayewajua watoto wa mtaa. Mtoto wa shule asiingie saa za masomo, hata kama ana pesa.
5. Ubao wa nje uandikwe jina la filamu na daraja lake, ili mzazi anayepita aone.
6. Mwenye kibanda ahakikishe ana leseni zinazohitajika, za kaunti na za Bodi. Akiwa nazo hatatishwa na kila anayekuja na kofia.
7. Kikundi kikitaka kuonyesha filamu kwa ajili ya mafunzo, viongozi waitazame kwanza mpaka mwisho. Mara moja kwa mwezi mnaweza kutazama filamu moja ya Kenya na kuijadili. Supa Modo ya mwaka 2018, inayohusu mtoto mgonjwa ambaye kijiji kizima kinamtengenezea filamu, ni nzuri kuanzia.
8. Mtu akija kuwapiga picha, mwulizeni: ni ya nini, itaonyeshwa wapi, nani analipwa, na sisi tutaiona lini? Asiyeweza kujibu asifungue kamera. Mtoto asipigwe picha bila mzazi wake kukubali.

MASWALI YA KUJADILIANA

1. Mara ya mwisho mlipokasirikia filamu, mlikuwa mmeiona? Nani aliwaambia habari zake?
2. Katika visa vya Rafiki, Kamirithu na Mwanza, nani alikuwa analindwa? Nani hakuulizwa?
3. Watoto wenu wanatazama nini kwa simu? Nani kati yenu anajua kwa hakika?
4. Kama mgeni angepiga filamu juu ya kikundi chenu, mngependa aonyeshe nini? Na ni jambo gani la kweli mngependa asionyeshe, na kwa nini?
5. Ni jambo gani moja mtakalofanya kabla ya mkutano ujao, na nani atalisimamia?

Mtoto umleavyo ndivyo akuavyo, na hakuna mkaguzi wa serikali anayelala nyumbani kwako. Katibu wa kikundi atuandikie mliyokubaliana, hasa kuhusu saa za kibanda, ili tuwapashe na wengine. Kama mlijaribu na haikuwezekana, tuandikieni hilo pia.